Kibera iliyo ndani ya kompyuta: Nani aliijenga, na inasema nini kukuhusu?

Msomaji, kama unaishi Kibera, kuna uwezekano mkubwa kwamba tayari umo ndani ya kompyuta ya mtu usiyemjua. Sizungumzii picha zako za TikTok wala namba yako ya kitambulisho. Nazungumzia kitone kidogo kwenye skrini. Kitone hicho huamka asubuhi, huenda kuteka maji, hutafuta kibarua, husikia uvumi, kisha hurudi nyumbani. Kimepewa umri, kimepewa jirani, kimepewa mtaa. Halafu mwenye kompyuta anabonyeza kitufe ili aone kitafanya nini.

Hii si sinema. Inaitwa simulesheni, au uigaji kwa Kiswahili cha vitabuni. Mitaani Nairobi imetumika kwa mambo mazito: fujo za uchaguzi, corona, usafiri, mafuriko. Sisi husikia tu mwisho wake kwenye habari, "wataalamu wanasema", basi. Leo tuifungue hiyo mashine tuone ndani, ndiposa siku matokeo yake yakigusa keja yako uwe na la kuuliza.

KINYOZI MMOJA, VITI VIWILI

Tuanze na kitu cha karibu. Chukua kinyozi pale Kawangware 46, ana kiti kimoja na mashine moja. Kwa wastani anapata wateja wanne kila saa. Kunyoa kichwa kimoja kunamchukua wastani wa dakika 12, yaani ana uwezo wa vichwa vitano kwa saa. Wateja wanne, uwezo wa watano. Ukiangalia haraka utasema hakuna shida, hata muda wa chai anao.

Sasa weka maisha ya kweli. Wateja hawaji kwa ratiba. Saa tatu hakuna mtu, saa nne wanaingia watatu kwa mpigo. Mmoja anataka kipara, dakika tano ameshamaliza. Mwingine anataka mchoro pembeni na rangi juu, nusu saa imeisha. Ukiingiza vurugu hiyo kwenye hesabu za foleni, na duka liendelee hivyo kwa muda mrefu, mteja wa kawaida atangoja kama dakika 48 kabla ya kukalia kiti. Dakika arobaini na nane! Huyo ashaenda kwa jirani.

Ongeza kiti cha pili na kinyozi wa pili. Utadhani muda utapungua nusu, labda uwe dakika 24. Wapi! Unashuka hadi dakika mbili na kitu. Lakini angalia upande wa pili wa shilingi: kila kinyozi sasa atakaa bila kazi karibu asilimia 60 ya muda wake, na mshahara wake uko palepale. Je, wateja utakaowaokoa wanatosha kumlipa? Hilo ni swali la mwenye duka. Ila sasa analiuliza akiwa na namba mkononi, na kabla hajakopa pesa za kiti.

Hiyo ndiyo simulesheni. Unaijenga hali ya kweli kwa namba na kanuni, unaiacha ijiendeshe, unatazama kinachotokea. Unaweza kufanya ya kinyozi kwenye Excel, au hata kwa dadu na vizibo vya soda juu ya meza, kama vile watu wanavyocheza drafti.

Programu za kazi hii ni nyingi, lakini karibu zote zina sifa nne ambazo umeshaziona kwa kinyozi.

Kwanza, zina kanuni. Kompyuta haijui kinyozi ni nini. Inajua tu ulichoiambia: mteja akifika na kiti kiko wazi, akae; kama hakuna, apange foleni.

Pili, zinabana muda. Mwaka mzima wa duka unapita kwa sekunde chache. Mvua ya siku tatu inanyesha ukiwa bado unakunywa soda.

Tatu, zina bahati nasibu na marudio. Siku moja ya kuiga haisemi kitu, huenda ilikuwa siku mbaya tu. Ndiyo maana mtaalamu huirudia mara mia au elfu, halafu anaangalia jibu linaelekea wapi na limetawanyika kiasi gani.

Nne, na hii ndiyo tamu, zinakuruhusu kuuliza "je, tukifanya hivi?" bila mtu kuumia. Ukibomoa daraja ndani ya kompyuta, hakuna anayelala nje.

KUTOKA STAGE HADI TAUNI

Kuna programu ya bure inayoitwa NetLogo, iliyoanzishwa na Uri Wilensky mwaka 1999. Ndani yake mna mfano mdogo wa magari kwenye barabara moja. Hakuna ajali, hakuna polisi, hakuna shimo. Magari yanaenda mbele, lakini dereva mmoja akikanyaga breki kidogo, wa nyuma anakanyaga zaidi, na jam inazaliwa. Ukitazama vizuri utaona magari yanasonga mbele huku jam yenyewe inarudi nyuma. Siku nyingine ukikwama Ngong Road na mwishowe ufike mbele usione ajali yoyote, utajua kilichotokea.

Lakini kuiga barabara moja ni rahisi. Kuiga Nairobi ni hadithi nyingine, kwa sababu kwa miaka mingi hakukuwa na data ya matatu. Hiyo pengo ndiyo mradi wa Digital Matatus ulijaribu kuliziba. Wanafunzi na watafiti wa Chuo Kikuu cha Nairobi, wakishirikiana na MIT, Chuo Kikuu cha Columbia na kikundi cha Groupshot, walipanda matatu wakiwa na simu, wakarekodi kila njia na kila kituo. Mwaka 2014 wakatoa ramani yenye njia zaidi ya 130. Mwaka 2015 data ya matatu za Nairobi ikaingia Google Maps.

Fikiria walivyosumbuka. Muundo wa data wanaotumia miji ya Ulaya na Marekani unataka basi liwe na ratiba na vituo rasmi. Sasa nambari 46 ya Kawangware ina ratiba gani? Inaondoka ikijaa. Makanga akipigiwa mluzi katikati ya njia, hapo pamekuwa kituo. Ilibidi muundo wenyewe upanuliwe uweze kubeba vituo visivyo rasmi. Shika hapo, tutarudi: mji haukukosea, ni mfumo uliokuwa umetengenezwa bila kuujua mji huu.

CORONA: SWALI MOJA, JIBU MOJA

Machi 13, 2020, Kenya ilitangaza mgonjwa wake wa kwanza wa corona. Kilichofuata unakikumbuka: kafyu, shule kufungwa, barakoa. Maamuzi kama hayo duniani kote yaliegemea sana simulesheni.

Mapema Mei mwaka huo, watafiti waliwahoji watu 213 kutoka mitaa mitano ya Nairobi yenye makazi duni, Kibera ikiwamo. Waliwauliza kitu rahisi: jana ulikutana na watu wangapi? Wakaingiza majibu kwenye modeli. Matokeo yalionyesha kwamba watu walikuwa wamepunguza kukutana kwa zaidi ya asilimia 60, na kwamba idadi ya watu ambao mgonjwa mmoja angewaambukiza ilikuwa imeshuka kutoka 2.64 hadi 0.6. Ikiwa chini ya 1, ugonjwa unazimika. Kwa macho ya modeli, ushindi huo.

Lakini watafiti haohao waliuliza na jambo la pili. Asilimia 86 ya waliohojiwa walikuwa wamepoteza mapato yao yote au sehemu yake. Asilimia 74 walikuwa wakila kidogo au kuruka mlo kwa kukosa pesa. Kama wangeuliza kuhusu maambukizi peke yake, modeli ingewapa alama nzuri na njaa isingeonekana popote. Simulesheni hujibu swali uliloiuliza. Usilouliza, haikwambii.

Mwaka uliofuata, utafiti ulioongozwa na wanasayansi wa KEMRI-Wellcome Trust na wenzao ulichapishwa katika jarida la Science. Ulitaka kueleza kwa nini Kenya ilipata mawimbi mawili tofauti ya corona mwaka 2020. Modeli iliyowachukulia Wakenya wote sawa haikutosha. Walipoigawa nchi katika makundi mawili, wenye kipato cha chini na wenye kipato cha juu, kila kundi na jinsi yake ya kukutana na watu, mawimbi yakaelezeka. Asiyeweza kufanya kazi akiwa nyumbani alikutana na virusi mapema. Aliyeweza kujifungia alikutana navyo baadaye. Mama mboga angekwambia hilo bila kompyuta, lakini ilipoingia kwenye hesabu ndipo hesabu ikakubaliana na ukweli.

KITONE KINACHOITWA KIJANA

Sasa turudi kwa kile kitone cha mwanzo. Mwaka 2017, watafiti wawili, Bianica Pires na Andrew Crooks, walichapisha simulesheni ya Kibera. Walitaka kuelewa jinsi fujo zilivyolipuka baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, ghasia zilizoua watu zaidi ya 1,100 nchini. Walitengeneza wakazi wa kompyuta, wakawapa nyumba, shughuli za kila siku, marafiki na majirani, kisha wakaachilia uvumi upite kutoka kwa mmoja hadi mwingine.

Modeli ilionyesha kwamba vijana ndio waliokuwa wepesi zaidi kuvutwa kwenye fujo. Hapo huenda ukasema, si hilo tunalijua? Lakini ilionyesha na jambo la pili ambalo ni gumu zaidi: kuongeza elimu na nafasi za kazi hakupunguzi fujo kwa mstari ulionyooka. Si eti ukiongeza kazi mara mbili, vurugu zinapungua nusu. Watu wameunganishwa, na uvumi unapita palepale wanapokutana.

Utafiti kama huo una faida. Unaonyesha kwamba kuzima uvumi mapema kunaweza kuwa na uzito, na kwamba ahadi ya "tutawapa vijana kazi" peke yake haitoshi. Lakini wewe kijana unayesoma hapa una haki ya kuuliza swali jingine. Kitone hicho hakikujui. Hakijui kwamba wewe ndiye uliyewatuliza wenzako kwenye base siku ile. Kinajua wastani wa kundi. Mtafiti akikitumia kuelewa fujo, sawa. Mtu mwenye virungu akikitumia kuamua asubuhi nani anafaa kukamatwa kabla hajafanya chochote, hapo kitone kimegeuka kuwa mashtaka.

MTO, MITA 30 NA KEJA YAKO

Hapa ndipo mambo yanapokuwa ya nyumbani kabisa.

Mvua za masika za 2024 ziliua watu zaidi ya 200 nchini. Nairobi maji yaliingia majumbani usiku. Baada ya hapo serikali iliwaamuru wanaoishi kando ya mito wahame, na kule Mathare tingatinga zikaingia. Namba iliyokuwa mdomoni mwa kila mtu ilikuwa moja: mita 30 kutoka mtoni.

Kibera iko kando ya maji yanayoelekea Bwawa la Nairobi na Mto Ngong. Kawangware nayo ina Mto Nairobi, unaoshuka kutoka kinamasi cha Ondiri kule Kikuyu. Ukiishi Silanga, Lindi au bondeni Kawangware, swali la maji yatafika wapi si la darasani. Ni swali la kama una nyumba mwaka ujao.

Simulesheni ya mafuriko inaweza kulijibu. Unaipa vitu vinne: umbo la ardhi, kiasi cha mvua, uwezo wa ardhi kunywa maji, na njia za maji, yaani mto, mitaro na vivuko. Programu kama HEC-RAS, inayotolewa bure na wahandisi wa jeshi la Marekani, inayapeleka maji hayo hatua kwa hatua na kukuonyesha yatafika wapi na kwa kina gani.

Shida iko kwenye kile kitu cha kwanza. Data ya bure ya umbo la ardhi inayotumika sana ilipimwa kwa rada kutoka angani Februari 2000. Kila kipande chake, kila pikseli, ni mita 30 kwa mita 30. Pikseli moja ina urefu mmoja tu kutoka usawa wa bahari. Sasa piga hesabu. Chumba cha kawaida cha Kibera ni futi 12 kwa 12, kama mita 13 za mraba. Pikseli moja ni mita 900 za mraba. Ukivipanga vyumba bila vichochoro, zaidi ya vyumba 60 vinaingia ndani ya pikseli moja, na kompyuta inaviona vyote viko kimo kimoja. Chumba kilichoinuliwa kwa mawe na kilicho chini kabisa karibu na mtaro, kwake ni kitu kimoja. Mtu akikuletea ramani iliyotengenezwa hivyo akakwambia mstari wa mita 30 unapita katikati ya mlango wako, jua kwamba mstari huo ni mwembamba kuliko macho ya kompyuta yenyewe.

Na kuna mambo ambayo hakuna setilaiti itakayoyaona: kivuko kilichozibwa na taka za plastiki, ukuta uliojengwa mwaka jana ukageuza maji, mabati yaliyobanana hadi mvua yote inashuka kwenye kichochoro kimoja. Data hizo ziko kwa nani? Ziko kwa wanaoishi pale.

Hili si wazo tu, limeshafanyika. Novemba 2009 vijana wa Kibera walianza kuchora mtaa wao wenyewe kupitia mradi wa Map Kibera. Walitembea na vifaa vya GPS wakaweka vichochoro, vyoo, mabomba, zahanati na shule kwenye OpenStreetMap, ramani huria ya dunia. Kabla ya hapo, ramani za mtandaoni zilionyesha mahali hapo kama peupe, kana kwamba hakuna mtu. Kuanzia 2015, shirika la KDI, ambalo kwa miaka limejenga viwanja na madaraja na wakazi wa Kibera, lilishiriki utafiti wa mafuriko uliochanganya modeli ya kompyuta na maelezo ya wakazi kuhusu maji yalipofika. Dar es Salaam nako, mradi wa Ramani Huria ulianza 2015 kwa kuwatumia wanafunzi na wakazi kuchora mitaro na nyumba katika kata zinazofurika, na data hiyo ikatumika kukadiria hasara ya mafuriko kwa programu ya InaSAFE.

Hata utabiri wa hali ya hewa unaoupata kwenye simu ni simulesheni ya anga. Mradi wa DARAJA ulijaribiwa Nairobi na Dar es Salaam ili utabiri huo ufike mitaani kwa lugha inayoeleweka. Kuambiwa "mvua ya milimita 50" hakukusaidii. Kuambiwa "usiku wa leo maji yanaweza kupanda, toa watoto karibu na mto" kunakusaidia.

NAMBA ILIYOINGIA NDIYO INAYOTOKA

Angalia mfano mmoja wa mwisho. Kwa miaka mingi vyombo vya habari na mashirika yalisema Kibera ina watu milioni moja. Sensa ya 2009 ikahesabu watu 170,070. Wengi walibishana, na mabishano hayo hayajaisha. Lakini tazama yanavyofanya ndani ya kompyuta: ukiingiza milioni moja badala ya sensa, umeweka karibu watu sita mahali pa mmoja. Vyoo, chanjo, maji, kila kitu kinaongezeka mara sita. Kompyuta haitalalamika. Itakupa grafu nzuri ya rangi, na grafu ya uongo inapendeza sawasawa na ya kweli.

Kwa hivyo siku mtu atakapokuja na simulesheni ya mtaa wako, awe wa serikali, shirika au chuo, usiogope rangi zake. Muulize:

1. Data yako ni ya mwaka gani, na nani aliikusanya?
2. Umeweka watu wangapi, na kwa nini hao?
3. Nini umeacha nje?
4. Umeijaribu kwa jambo lililokwisha kutokea? Ukiipa mvua ya 2024, maji yanafika pale yalipofika kweli?
5. Umeirudia mara ngapi, na majibu yalitofautiana kiasi gani?
6. Nani ataamua kitu kwa kutumia hii, na sisi tutapingia wapi tukiona imekosea?

Mtaalamu wa kweli atafurahi kuulizwa hivyo. Akikasirika, umeshapata jibu.

UNATAKA KUANZA? ANZIA HAPA

Huhitaji kompyuta ya bei kubwa. NetLogo ina toleo linalofunguka kwenye kivinjari, kwa hivyo hata kompyuta ya saiba inatosha. Fungua mfano wa virusi au wa magari, badilisha namba moja, tazama. Halafu badilisha kanuni yenyewe.

Kama uko shule na maabara yenu ina kufuli kuliko vifaa, tafuta PhET ya Chuo Kikuu cha Colorado Boulder. Ni maiga ya fizikia, kemia na hesabu, yanafanya kazi kwenye simu, mengine yametafsiriwa kwa Kiswahili. Unaunganisha betri na balbu bila kuchoma kitu.

Kama unasomea umeme, Tinkercad inakuruhusu kuiga saketi kabla hujanunua vipuri. Kama ni mitandao ya kompyuta, Packet Tracer ya Cisco inakupa ruta na swichi za kuigiza, bure ukijisajili. Kama ni mipango ya mji, jifunze QGIS kwa ramani, kisha SUMO, programu huria ya usafiri iliyoanzia Ujerumani. Ukiishika SUMO, mtihani wako wa kwanza ni huu: ifundishe kwamba matatu haiondoki mpaka ijaze. Aliyeitengeneza hakuwahi kungoja stage ya Kawangware. Wewe umengoja.

Bando ni ghali, ndiyo. Programu nyingi kati ya hizi ukishazipakua mara moja zinafanya kazi bila intaneti, na maktaba ya umma ni mahali pa kukaa bila kununua chai.

Na kama hutaki kugusa programu yoyote, kuna kazi moja unayoweza kufanya msimu huu wa mvua. Kanuni za Ubora wa Maji za 2006 zilisema eneo la mto ni kati ya mita 6 na mita 30, na lilipimwa kwa kuangalia kiwango cha juu kabisa cha mafuriko kilichorekodiwa. Kilichorekodiwa. Kama hakuna aliyerekodi, mtu atakisia, na anayekisia hakai huko bondeni.

Maji yakipungua, alama ya tope hubaki ukutani kwa siku chache kabla mtu hajaifuta. Chukua tepu ya fundi, pima kutoka sakafuni hadi kwenye alama. Piga picha tepu ikiwa inaonekana. Andika tarehe na jina la kichochoro. Fanya nyumba tano au kumi, uweke kwenye daftari moja, nakala moja ibaki kwa mzee wa mtaa. Hiyo ni data ambayo hakuna chombo cha angani kitakachoipata, na modeli yoyote ya mto wako itakayoikosa, una haki ya kuikataa.